Nani Atatuonyesha Nyota? Elimu ya anga ya wavuvi wa Ziwa Tanganyika

Utangulizi

Ndugu msomaji, kama unakaa Uvira, Baraka au Kalemie, siku umeme utakapokatika tena jioni, fanya jambo moja dogo. Usikimbilie mshumaa. Simama uani, zima telefone, ngoja kidogo, kisha inua macho. Utaona kitu ambacho watu wengi wa dunia hawakioni tena.

Mwaka 2016 wataalamu waliopima mwangaza wa taa duniani kote walitangaza ya kwamba zaidi ya watu 80 kwa 100 wanaishi chini ya anga iliyochafuliwa na taa. Mtu mmoja kwa watatu hawezi kabisa kuona, kutoka pale anapokaa, ule mkanda mweupe wa nyota unaokata anga kama barabara ya vumbi. Nchi tatu ambazo taa zimezigusa kidogo kuliko zote ni Chad, Jamhuri ya Afrika ya Kati na Madagaska. Ile ya pili ni jirani yetu, na vijiji vyetu vingi vina giza kama vyake.

Giza hilo sisi tunaliita umaskini, na hatukosei. Mama anayejifungua kwa mwanga wa tochi hana haja ya kusifiwa nyota. Tena kwetu usiku umekuwa saa ya hofu, na kila mtu anajua kwa nini. Siandiki basi kwa kusifu giza. Naandika kwa sababu katika giza hilo wazee wetu walikuwa na elimu kamili, elimu hiyo ilikuwa na walimu wake, na walimu hao wanaondoka mmoja mmoja bila sisi wenye diploma kuandika hata ukurasa mmoja. Nyota hazitapotea. Anayepotea ni mtu wa kutuonyesha.

1. Usiku wa mwaka 1996

Vita vilipofika Uvira mwezi wa kumi mwaka 1996, nilikuwa kijana wa miaka kumi na sita. Tulitembea kwa miguu kuelekea kusini, mama, wadogo zangu watatu na mimi, mpaka kwa mjomba, kaka yake mama, mvuvi wa ndakala katika pwani ya Fizi. Tulipofika tukadhani atatupakia mtumbwini siku ileile kwenda ng'ambo, Tanzania. Alikataa. Alisema maneno mawili tu: "Mwezi ufe."

Mimi msomi wa sekondari nikaona ni ushirikina. Haukuwa ushirikina. Mwezi ulikuwa mkubwa siku zile, na mtumbwi kwenye maji yenye mwangaza unaonekana toka mbali. Mwezi ulikufa tarehe 11 ya mwezi wa kumi na moja. Usiku uliofuata tukaingia majini, bila taa hata moja. Mwanzoni walipiga kafi tu. Motere waliiwasha tulipokuwa mbali na pwani.

Mjomba alikaa nyuma kwenye usukani. Mbele, upande wa mashariki, zilitoka nyota tatu zilizopangana mstari mmoja. Akamwambia kijana wake: "Zile tatu zisitoke puani mwa mtumbwi." Nyota hizo ni zile ambazo vitabu vya Wazungu vinaziita mshipi wa Orioni. Zinatoka mashariki kabisa, na kwa kuwa sisi tuko karibu sana na ikweta, hazipandi kwa kupinda kama zinavyofanya Ulaya. Zinapanda karibu wima, na kwa saa nyingi zinaonyesha upande uleule. Zilipokuwa zimepanda juu mno, alichukua nyota nyingine iliyozaliwa chini yake. Mara mbili mawingu yalifunika anga. Kila mara alizima motere akangoja. "Heri kuelea kuliko kupotea," alimjibu mama aliyekuwa anaomba twende haraka. Kulipopambazuka tuliona milima ya ng'ambo.

Miaka ikapita. Tulirudi, nikamaliza sekondari, nikapata diploma ya ISP, nikawa mwalimu. Kila mwaka nilichora kwenye ubao duara ya manjano kwa ajili ya jua, kisha sayari tisa, na baada ya mwaka 2006, Pluto ilipoondolewa katika hesabu, sayari nane. Siku moja mwanafunzi mmoja aliniuliza: "Mwalimu, na leo usiku Venusi iko wapi?" Sikujua. Darasa zima lilinitazama. Nilikuwa nimefundisha anga miaka zaidi ya kumi, na sikuweza kuonyesha nyota moja kwa kidole. Ndipo nilipomkumbuka mjomba.

2. Mfupa wa Ishango

Kabla ya kusimulia ziara yangu kwake, turudi nyuma sana. Wengine wanadhani kuhesabu na kutazama anga ni mambo tuliyoletewa. Lakini mojawapo ya vitu vya zamani kabisa vinavyotajwa katika historia ya hesabu kilitoka hapa, katika Kivu ya Kaskazini.

Mwaka 1950 mwanajiolojia Mbelgiji, Jean de Heinzelin de Braucourt, alikuwa akichimba Ishango, mahali ambapo mto Semliki unatoka katika Ziwa Edouard, ndani ya hifadhi ambayo leo inaitwa Virunga. Alikuta mabaki ya watu waliokaa kando ya ziwa wakiishi kwa uvuvi: vyusa vya mfupa, mifupa ya samaki, vyombo vya mawe. Kati ya vitu hivyo kulikuwa na mfupa mmoja wa rangi ya kahawia, urefu wake kama sentimeta 10, wenye kipande kidogo cha kwazi kilichokazwa kwenye ncha. Juu yake mtu alichonga mistari katika safu tatu. Safu mbili zina mistari 60 kila moja, ya tatu ina 48. Jumla 168. Tena mistari haikupangwa ovyo, imegawanywa kwa mafungu: 11, 13, 17, 19, na kadhalika. Umri wake unakadiriwa leo kuwa miaka kama 20.000. Mfupa wenyewe unatunzwa Brussels, katika taasisi ya kifalme ya sayansi za maumbile.

Mistari hiyo ilikuwa na maana gani? De Heinzelin aliona ndani yake mchezo wa hesabu. Mmarekani Alexander Marshack, katika kitabu alichotoa mwaka 1972, alisema ni hesabu ya mwezi: mtu alichonga mstari kwa kila usiku, akifuata mwezi unavyozaliwa, unavyokua na unavyokufa, kwa muda wa karibu miezi sita. Wengine hawakubali. Wanasema huenda ilichongwa tu ili mkono usiteleze. Mabishano hayajaisha, na mwalimu mwaminifu awaambie wanafunzi hivyo.

Lakini mimi nikiwa mtu wa ziwa nasema hivi: wale wa Ishango walikuwa wavuvi. Na sijaona mvuvi asiyehesabu mwezi.

3. Kalenda ya mvuvi na ya mkulima

Anayekula ndakala mezani Uvira hafikiri juu ya mwezi. Anayewavua hawezi kuusahau. Ndakala wanavuliwa usiku, kwa taa. Zamani, kabla ya taa za petroli, wavuvi walibeba mienge ya kuni mtumbwini na kuchota samaki kwa wavu wenye mpini mrefu uitwao lusenga. Baadaye zikaja taa za kupampu, na leo ni taa za betri. Njia ni ileile: taa inavuta vidudu vidogo vya majini, ndakala wanafuata vidudu, mikeke wanafuata ndakala.

Sasa mwezi ukiwa mpevu, ziwa lote linang'aa. Ndakala hawana tena sababu ya kukusanyika kwenye taa yako ndogo. Ndiyo maana kila mwezi, kwa muda wa kama wiki moja, wavuvi wanapumzika, wanashona nyavu na kutengeneza mitumbwi. Bei sokoni inapanda. Mama muuzaji ambaye hajawahi kuingia majini anajua kalenda hiyo kwa mfuko wake.

Ndani ya kalenda hiyo kuna hesabu nyingine nyembamba zaidi. Baada ya mwezi mpevu, mwezi unachelewa kutoka kila usiku kwa muda unaokaribia saa moja. Basi usiku wa tatu au wa nne mvuvi ana saa kadhaa za giza mwanzoni mwa usiku, anaingia mapema na kutoka mwezi unapochomoza. Mwezi ukiwa mchanga ni kinyume: anangoja uzame, halafu anaingia. Mtu asiyejua kusoma anaweza kukuambia, bila kutazama karatasi, usiku wa kesho giza litaanza saa ngapi na kuisha saa ngapi.

Mkulima naye alikuwa na nyota zake, na iliyo mashuhuri kuliko zote ni Kilimia. Ni fungu dogo la nyota zilizobanana kama vifaranga. Jina lake linatokana na kulima, na ni jina la mbali sana: Wazulu na Waxhosa wa Afrika Kusini wanaliita isiLimela, Wasotho na Watswana selemela. Tangu pwani ya Waswahili mpaka kusini ya bara, watu ambao hawakuonana walitazama fungu hilohilo na kuliita kwa jembe. Kwa Waxhosa, kijana aliyetoka jandoni alihesabu miaka yake ya uanaume kwa Kilimia alizoziona zikirudi.

Wazee wa pwani wana msemo: Kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua. Nilipousoma mara ya kwanza niliona ni fumbo. Ukiupima kwenye milima yetu ya Mitumba, nusu yake ya pili inasema kweli. Mwezi wa nne Kilimia kinaonekana jioni upande wa magharibi, kila siku chini zaidi, mpaka mwezi wa tano kinapotelea katika mwanga wa jua. Wakati huo mvua za mwisho bado zinanyesha. Kinakaa kimefichwa wiki kadhaa, kisha mwezi wa sita kinazuka mashariki kabla ya kupambazuka, na tayari ni kiangazi. Kimezama kwa mvua, kimezuka kwa jua. Mkulima aliyekiona alfajiri alijua ana miezi kama mitatu ya kuvuna, kukausha, kujenga na kuoza mtoto, kabla ya kushika jembe tena mwezi wa tisa.

4. Misafara, misioni na pamba

Elimu hiyo haikukaa peke yake. Katika karne ya 19 misafara ya biashara ilitoka Zanzibar na Bagamoyo, ikapita Tabora na Ujiji, ikavuka ziwa letu na kuendelea mpaka Kasongo na Nyangwe kwa akina Tippu Tip. Katanga, Msiri, mtoto wa Unyamwezi, alijenga mji wake Bunkeya. Misafara ilileta bunduki na utumwa, na majeraha yake hatujayasahau. Ilileta pia lugha hii ninayoandika. Na ilileta desturi ya Waislamu ya kuungoja mwezi mwandamo kwa macho, kwa ajili ya mfungo na Idi, desturi ambayo bado iko hai kando ya ziwa. Mabaharia wa pwani walikuwa na majina ya Kiarabu kwa sayari: Zuhura kwa Venusi, Mirihi kwa Marsi, Mshtarii kwa Jupiteri, Zohali kwa Saturni. Kwetu shuleni yalishinda majina ya Kifaransa.

Kisha ikaja misioni na kengele yake, na serikali ya kikoloni na karatasi zake. Kuanzia mwaka 1917 Wabelgiji walilazimisha kilimo cha pamba katika Kongo, na bonde la Ruzizi nalo likawa la pamba. Siku ya kupanda ikatoka katika biro ya agronomu. Aliyechelewa alipata faini, fimbo au jela. Ya nini basi kuamka alfajiri kutafuta Kilimia, kama monitere atakuja mwenyewe kukuhesabia siku? Sidhani kuna mtu aliyekataza nyota. Ziliachishwa kazi tu, na kitu kisicho na kazi hakifundishwi kwa watoto.

Sisi walimu tulimalizia. Tuliwafundisha watoto wetu nyota ya kaskazini, ile ambayo Wazungu wanaitumia kutafuta njia. Kwenye kitabu iko. Lakini Uvira iko kusini ya ikweta, na nyota hiyo kwetu iko chini ya upeo, haionekani usiku wowote wa mwaka. Tumefundisha nyota isiyoonekana, tukaziacha zinazoonekana.

5. Wengine wanalipia giza

Wakati sisi tunasahau, wengine wameanza kulinda giza kama sisi tunavyolinda sokwe. Mwaka 1988 ilianzishwa Marekani jumuiya ya kimataifa ya kutetea anga lenye giza. Mji wa Flagstaff, katika jimbo la Arizona, ulitambuliwa mwaka 2001 kuwa mji wa kwanza wa namna hiyo. Mwaka 2007 eneo la Mont-Mégantic, kwa ndugu zetu wasema Kifaransa wa Québec, likawa hifadhi ya kwanza ya anga la giza. Afrika iliingia mwaka 2012 kwa hifadhi ya NamibRand, katika jangwa la Namibia. Mwaka 2019 ikafuata hifadhi ya Kalahari iitwayo ǃAe!Hai, Afrika Kusini. Hiyo inafaa tuikumbuke, kwa sababu ni ardhi ya wenyeji wenyewe, Wasan wa ǂKhomani na jamii ya Mier.

Mtu anafanya nini katika mahali kama hapo? Analipa, anafika jioni, anapewa kiongozi. Ziara yenyewe ina masharti yanayofanana kila mahali. Siku inachaguliwa mwezi ukiwa umekufa au mchanga. Taa nyeupe na telefone vinazimwa, inaruhusiwa taa nyekundu hafifu tu, maana jicho linahitaji dakika kama 20 au 30 kuzoea giza, na mwanga mmoja mkali unaharibu yote kwa sekunde. Kisha kiongozi anaanza na nyota rahisi, anapita kwenye zile za kuonyesha njia, anasimulia hadithi za wenyeji, na mwisho kila mtu anatazama ndani ya darubini.

Niliposoma masharti hayo nilicheka. Mwezi ufe, taa zizimwe, mtu mmoja aongoze na wengine wanyamaze. Mjomba alikuwa ametufanyia ziara hiyo mwaka 1996, bila franka hata moja.

6. Usiku mmoja na mjomba

Nilikwenda kwake Jumamosi, tarehe 16 mwezi wa sita mwaka 2018. Wiki ileile Waislamu walikuwa wamefungua Ramadani, kwa hiyo nilijua mwezi ni mchanga. Nilikuta jambo ambalo hakuna aliyeniambia: mjomba alikuwa na mtoto wa jicho, macho yote mawili. Aliona kivuli cha mtu, uso hapana. Nikaona nimechelewa, safari imekufa. Yeye akasema: "Chukua kiti changu, tuende mchangani. Wewe utaangalia, mimi nitasema."

Tulikaa tukitazama milima ya magharibi, saa moja na nusu ya jioni.

— Mwalimu, mwezi umeshazama nyuma ya mlima?

— Bado, mjomba. Ni mwembamba kama kucha.

— Na ile kubwa iko karibu yake?

— Iko.

— Siku hizi mnaiita namna gani?

— Venusi.

— Sawa. Sisi tunasema nyota ya mangaribi, lakini ni ileile ya asubuhi. Watu wanadhani ni mbili. Hii ilianza kuonekana mangaribi mwezi wa pili, na inakaa kama miezi minane. Mwezi wa kumi itakupotea. Usihangaike. Mwezi wa kumi na moja itatoka upande wa Burundi, mbele ya jua.

Nikaandika kwenye kaye yangu, gizani, herufi zikipandana.

Kisha akaniambia nigeuke kusini, lile upande ambao ziwa linakwenda bila mwisho. Niliona nyota nne kama msalaba. Akauliza kama kuna mbili nyingine zinazong'aa sana upande wa kushoto. Zilikuwepo. "Basi huo ni wenyewe. Angalia kulia, chini kidogo, kuna msalaba mwingine mkubwa zaidi, haung'ai sana, hauna zile mbili. Huo ni wa uongo. Umewapoteza watu." Baadaye nilikuta jambo hilohilo katika kitabu cha Kifaransa: wataalamu wa anga nao wanauita msalaba wa uongo.

Nikageuka kaskazini, kuelekea Uvira. Pale kulikuwa na nyota saba, kama mwiko uliopinduliwa, na chini yake mwangaza wa Bujumbura, kama alfajiri ndogo isiyokucha. Mjomba alieleza ya kwamba katika majira hayo, mwanzo wa usiku, msalaba na mwiko vinasimama saa moja, mmoja kusini na mwingine kaskazini. Mvuvi aliyekaa kati yake anajua ziwa limelala namna gani hata kama haoni pwani. Mtu wa Ulaya hawezi kufanya hivyo, maana kwake msalaba haupandi kamwe. Sisi tulio karibu na ikweta tunapata karibu nyota zote za kaskazini na za kusini katika mwaka mmoja. Hilo nalijua kwa kitabu. Yeye aliijua faida yake.

Mwezi ulipozama, wavuvi wakaingia. Taa moja, tano, ishirini, mpaka ziwa likawa kama mji usio na barabara. Mjomba alisikia motere tu. Alihesabu mitumbwi kwa sauti, na alikosea mmoja.

Alfajiri, karibu saa kumi na moja, mke wake aliniamsha. Mjomba alikuwa tayari nje, amejifunga blanketi.

— Angalia juu ya milima ya Burundi, kushoto kidogo ya pale jua linatoka. Unaona nini?

— Kama vifaranga, mjomba. Vidogo, vimebanana.

— Ngapi?

Nilipata sita. Akasema mtoto mwenye macho mazuri anapata saba au zaidi. Akanyamaza. Halafu: "Basi Kilimia kimerudi. Mvua imekwisha kweli."

Hakuwa amekiona. Alikuwa amehesabu siku.

Katikati ya mwezi wa kumi na moja mwaka uleule nilisimama Uvira kabla ya kupambazuka. Venusi ilikuwa juu ya Burundi, inang'aa kama taa ya mtumbwi. Asubuhi ile niliingia darasani, nikamtafuta yule mwanafunzi wangu. Alikuwa amekwisha kupata diploma ya serikali na kwenda zake.

Mwisho

Mjomba alituacha mwaka 2021. Niliahidi kurudi kwake mara nyingi. Barabara, usalama na mitihani ya serikali vilinizuia, au tuseme niliviacha vinizuie. Kaye yangu ina kurasa tisa. Sikumwuliza alijifunza kwa nani. Sikumwuliza majina ya lugha ya nyumbani kwa zile tatu zilizotuvusha. Vijana wake wanavua, lakini wanatazama saa kwenye telefone na taa za ng'ambo. Na ng'ambo ikizima taa, sijui watatazama nini.

Kwa hiyo napendekeza mambo matatu, na hakuna linalohitaji mfadhili.

Kwanza, kila mwanachama wa ushirika wetu achague mzee mmoja, mvuvi au mkulima, mwanamume au mwanamke, aandike majina ya nyota katika lugha yake na kazi ya kila moja. Aandike pia mwezi na saa nyota ilipoonekana na upande gani, maana jina bila mahali halina faida.

Pili, sisi walimu wa jiografia tufundishe somo la anga chini ya anga. Si lazima watoto watembee usiku. Najua hali yetu. Saa moja ya jioni, uani kwa mzazi, dakika ishirini zinatosha kuonyesha msalaba na nyota ya mangaribi. Mimi nimeanza hivyo tangu mwaka 2019, na wazazi wanatoka nje kusikiliza kuliko watoto.

Tatu, umeme utakapofika katika vijiji vyetu, na tunauomba ufike, taa za njia zifunikwe juu, ziangaze chini kwenye miguu ya watu. Wale wanaolipia giza leo walifunga taa kwanza bila kufikiri, wakajuta baadaye. Sisi tunaweza kupata taa na nyota pamoja.

Ndugu msomaji, Kilimia kitazuka tena mwezi wa sita, kama kilivyozuka juu ya wale wavuvi wa Ishango. Kama mzee wako bado yuko, nenda sasa, na kaye mkononi. Usingoje macho yake yazimike. Na kama yamekwisha kuzimika, nenda vilevile, ukampe yako.